Hela ya mfuko wa jamii wa kikoba: tugawane Desemba au tukate bima ya afya ya CHF? Naombeni ushauri

MamaSamaki_Mbagala
Alhamisi, 14 Novemba 2024, saa 3:10 usiku

Habari za jioni wana jukwaa. Wakubwa wote shikamooni.

Mimi ni mweka hazina wa kikoba cha kina mama huku Mbagala. Tuko 22. Kuna mama lishe, wauza mitumba, wasusi, wenye magenge ya mboga, na mimi na wenzangu wawili tunakaanga samaki, mzigo tunafuata soko la samaki la Feri alfajiri. Kila Jumapili mtu ananunua hisa zake, na juu ya hisa anatoa 2,000 ya mfuko wa jamii. Mnaojua vikoba mnaelewa: hisa ni za kukopeshana, mfuko wa jamii ni wa shida. Katiba yetu inasema ukilazwa unapewa 100,000, ukifiwa 150,000, ukijifungua 50,000. Kinachobaki tunagawana Desemba tukivunja kikoba.

Hesabu ya mwaka huu mpaka Jumapili iliyopita: mfuko wa jamii umeingiza 1,980,000. Tumetoa kwa misiba mitatu, waliolazwa wawili na aliyejifungua mmoja, jumla 700,000. Iliyopo sandukuni ni 1,280,000. Tukigawana, kila mmoja anaondoka na kama 58,000.

Kilichonifanya niandike ni mwenzetu mmoja, mama lishe. Mwezi wa nane alifanyiwa operesheni ya uvimbe kwenye kizazi. Damu ilikuwa inamtoka muda mrefu naye anajikaza, ananunua vidonge duka la dawa, kwa sababu kila akiwaza hospitali anawaza hela. Alipoanguka jikoni ndipo alipopelekwa. Hospitali ni ya serikali, walimhudumia vizuri, madaktari nawashukuru. Ila malipo ni malipo: kumwona daktari, vipimo, operesheni yenyewe, dawa, kitanda. Sisi tulimpa 100,000 yake ya katiba. Tukachangisha kwenye WhatsApp ya mtaa, ikaja kidogo. Akauza friji. Palipobaki akakopa kwenye hisa zetu, kwa riba ileile ya asilimia 10 tunayomtoza mtu anayeongeza mtaji wa biashara.

Sasa kila Jumapili anakuja na rejesho, mimi ndiye ninayelipokea na kuliandika kwenye daftari. Biashara yake haijasimama, bila friji hata soda na maji baridi hauzi tena. Na hiyo riba anayolipa tutaigawana sisi Desemba. Yaani mwenzetu ameumwa, na kuumwa kwake kumetuingizia faida. Jambo hili linaniuma, na kikaoni nimesema wazi linaniuma.

Ndipo nikatoa hoja kwamba hela ya mfuko wa jamii mwaka huu tusigawane, tukate bima ya CHF iliyoboreshwa, ile bima ya afya ya hiari ya vituo vya serikali. Bei ya Dar niliyopewa ofisi ya mtaa mwaka huu wa 2024 ni 40,000 kwa mtu mmoja au 150,000 kwa kaya ya watu sita, kwa mwaka. Nikapiga hesabu. Kadi ya mtu mmoja kwa sisi wote 22 ni 880,000, hela ipo na inabaki 400,000. Kadi ya kaya kwa wote ni 3,300,000, inapungua 2,020,000, kila mama aongeze kama 92,000. Hapo kikao kikapasuka.

Wadogo zetu wa miaka ishirini na kitu wanasema wao hawaumwi, wanataka 58,000 yao, Januari kuna sare na madaftari. Wakubwa wenye presha na sukari wanataka kadi hata kesho. Wapo wanaosema ukifika na kadi unaambiwa dawa hakuna. Mwenyekiti wetu naye anasema tusubiri, sheria ya bima ya afya kwa wote imeshapita na wagombea wa mitaa wanaopita sasa hivi wanasema inakuja.

Kikao cha kuamua ni Jumapili ya kwanza ya Desemba. Naomba mwenye kujua anisaidie: hiyo kadi inatibu mpaka wapi? Ingemsaidia mwenzetu mama lishe au la? Tuchukue ya mtu mmoja mmoja au ya kaya? Na hawa wadogo zetu nifanye nao nini? Nawapenda, sitaki kikoba kisambaratike kwa ajili ya hoja yangu.

---

Dirishani
Alhamisi, saa 4:25 usiku

Dada, pole na hongera kwa kuliwazia hilo. Nafanya kazi kituo cha afya cha serikali, dirisha la malipo, na kila siku wenye kadi na wasio na kadi wote wanapita mbele yangu. Nikujibu moja moja.

Kadi inatibu mpaka wapi: inaanzia zahanati, inakwenda kituo cha afya, hospitali ya wilaya, na inaishia hospitali ya rufaa ya mkoa. Kwa Dar ni Temeke, Amana na Mwananyamala. Muhimbili, Taasisi ya Moyo, MOI ya mifupa na Ocean Road ya saratani haziguswi na kadi hii. Waambie hilo mapema kikaoni kabla hawajatoa hela, maana mtu akija kulijua siku mgonjwa wake amepelekwa Muhimbili, atakuona wewe ndiye uliyemdanganya.

Sharti kubwa ni rufaa. Hutoki nyumbani ukaenda moja kwa moja Temeke na kadi ya CHF. Unaanza zahanati au kituo chako, wakishindwa wanakuandikia karatasi ya rufaa, ndiyo unakwenda nayo. Bila karatasi hiyo unalipa taslimu kama mtu mwingine. Kina mama wengi wanapuuza ngazi hii kwa sababu wanaamini zahanati ni ya panadol tu, kisha wanarudi wanasema bima haifanyi kazi.

Mwenzenu mama lishe: operesheni yake kama imefanyika hospitali ya wilaya au ya mkoa, na angepita njia ya rufaa, kadi ingembeba sehemu kubwa sana. Kuna kitu kingine ambacho naona kina uzito zaidi ya bili. Umesema damu ilimtoka muda mrefu akijikaza. Mwenye kadi hajikazi hivyo. Ninawaona: mwenye kadi anakuja na homa ya siku mbili, asiye na kadi anakuja kabebwa. Mama huyo angefika kituoni mapema, labda uvimbe ungekutwa bado mdogo na damu yake haijapungua kiasi cha kuanguka.

Kabla hujaamua mtu mmoja au kaya, jua nani tayari yumo kwenye msamaha. Kwa sera ya serikali, wajawazito na watoto chini ya miaka mitano wanatibiwa bure vituo vya serikali. Dawa za kifua kikuu na za kufubaza virusi vya UKIMWI ni bure kwa kila mtu. Wazee wa miaka 60 na kuendelea wasio na uwezo nao wana msamaha, ila hao wapitie ustawi wa jamii na waje na barua ya serikali ya mtaa, wasisubiri mpaka waugue. Kwa hiyo kwenye kaya yenye watu wengi, majina sita ya kadi mnayapanga kwa akili: baba, mama, na wale watoto waliopita miaka mitano, maana hao ndio wasio na kinga yoyote.

Kujiandikisha: afisa mwandikishaji wa mtaa anawapiga picha kwa simu, anaandika majina, mnapewa namba ya malipo mnalipa kwa simu au wakala. Msimpe mtu hela mkononi. Na mwambieni awaeleze kadi inaanza kutumika tarehe gani, iandikwe kwenye daftari la kikoba.

---

KijiweTandika
Ijumaa, saa 1:05 asubuhi

Mama, mimi ni bodaboda, kijiwe chetu kipo Tandika. Sisi tulishapita njia hiyo, nikwambie kilichotokea ili kisikupate.

Mwaka wa kwanza tulihamasishana, karibu kijiwe kizima tukakata. Wengi hatukuumwa. Wengine walianguka na pikipiki wakatibiwa, wakarudi barabarani. Mwaka ulipoisha kila mtu akajiuliza mwenyewe: mimi nimeitumia? Ambaye hakuitumia akaona katupa hela. Mwaka wa pili tukabaki wachache, na kila aliyebaki alikuwa na mgonjwa nyumbani: mwenye mtoto wa sikoseli, mwenye mama wa sukari, mwenye mguu wenye vyuma. Mwaka wa tatu hakuna aliyefuatilia.

Ndiyo maana nakwambia usiiache iwe hiari ya mtu mmoja mmoja. Iingie kwenye katiba ya kikoba: ukinunua hisa kwetu, kadi ni lazima, mzee kwa kijana. Asiyetaka asubiri mzunguko mwingine au atafute kikoba kingine. Inaonekana ni ukali, lakini ukiwaachia wadogo zako waondoke na 58,000 zao, wagonjwa watabaki peke yao na huo mfuko hautaona Desemba nyingine.

Halafu hao wadada wanaosema hawaumwi, waulize wanapanda nini kwenda kazini. Sisi ndio tunaowabeba. Barabara ya Kilwa haiulizi umri.

---

BintiKeko
Ijumaa, saa 3:40 asubuhi

Mimi nitasema upande mwingine, na sisemi kukuvunja moyo dada.

Mama yangu ana presha na sukari. Ana kadi. Kila mwezi anakwenda kliniki, daktari anamwona, kipimo cha sukari anapima, halipi. Hapo kadi naisifu. Lakini dawa zake ni aina tatu, na mara nyingi anatoka na aina moja, hizo mbili anaambiwa zimeisha akanunue nje. Hatuachi kwenda, maana ukiacha kliniki ndiyo unakuja kupooza. Ila hela ya duka la dawa inatoka mfukoni, na nauli ya kwenda na kurudi inatoka mfukoni, na siku akilazwa mimi siendi kibaruani, nakaa naye, napika uji, napeleka. Hiyo siku yangu bima hailipi.

Kwa hiyo ukimaliza sanduku lote kwa kadi, Februari mwanachama atakuja na cheti cha dawa mkononi, na wewe huna kitu cha kumpa. Nashauri kadi mchukue, na mfuko wa jamii ubaki hai, ila mbadilishe kazi yake. Usiwe tena wa kumpa mtu 100,000 akilazwa. Uwe wa dawa zilizokosekana, nauli, na chakula cha anayemuuguza. Aje na cheti na risiti ya duka, apewe.

Kitu kingine nakuomba sana. Hiyo riba ya mama lishe ifuteni. Msisubiri kikao cha bima.

---

Mwalimu_Mstaafu
Ijumaa, saa 5:15 asubuhi

Marahaba mwanangu. Nimesoma mara mbili, nami nafurahi kuona mweka hazina anayeumia moyo kwa sababu ya kitabu chake cha hesabu.

Nyinyi vijana mmekuta kulipia, mnadhani ilikuwa hivyo siku zote. Nilipoanza kufundisha, hospitali ya serikali ilikuwa bure. Mwaka 1977 serikali ilipiga marufuku hospitali binafsi za biashara, zikaruhusiwa tena 1991. Uchumi ulipoharibika, dawa zikawa hazipo na vitanda vimevunjika, ndipo mwaka 1993 ukaja uchangiaji, mgonjwa akaanza kulipa dirishani. Tangu hapo nchi inatafuta namna ya kumfanya mtu alipe akiwa mzima ili asilipe akiwa anaugulia. CHF ilijaribiwa kwanza wilaya ya Igunga mwaka 1996, ikawekewa sheria 2001. Sisi watumishi wa umma tukaundiwa Mfuko wa Taifa wa Bima ya Afya kwa sheria ya 1999: asilimia 6 ya mshahara, 3 inakatwa kwako na 3 anatoa mwajiri. Hatukuulizwa kama tunataka. Nilipokuwa kijana mzima wa afya nilinung'unika kila nikiona mshahara umekatwa. Leo nina matatizo ya moyo na ninatibiwa kwa hela iliyokatwa kwa walimu vijana ambao hawanijui.

Alichosema huyu bwana wa Tandika ndicho kilichoiua mipango mingi ya hiari, hapa na nchi nyingine. Mfano wa karibuni ni Toto Afya Kadi, bima ya watoto ya Mfuko huo wa Taifa. Mzazi alilipa 50,400 kwa mwaka, mtoto akatibiwa. Wazazi wengi wakawa wanakata kadi mtoto akiwa tayari ni mgonjwa, wenye watoto wazima hawakuja. Mwaka 2023 Mfuko ukasimamisha kuandikisha mtoto mmoja mmoja, ukaelekeza watoto waandikishwe kupitia shule. Sababu ni hiyohiyo: shuleni unawapata wazima na wagonjwa kwa pamoja. Kikoba chako nacho ni kama shule kwa jambo hili. Wanawake hawa walikutana kwa ajili ya hisa, hakuna aliyejiunga kwa sababu anaumwa. Ukiwaandikisha wote kwa mara moja, umeleta kundi ambalo bima yoyote inalitaka.

Kuhusu kusubiri. Ni kweli Bunge lilipitisha Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote Novemba 2023, na inataka kila mkazi awe na bima. Kabla yake, mwaka 2022, muswada wake uliahirishwa bungeni baada ya malumbano, na kiasi kilichokuwa kinatajwa wakati ule kilikuwa 340,000 kwa kaya ya watu sita. Kupitisha sheria na kupata kadi ni mambo mawili. Wenzetu Kenya wamebadilisha mfuko wao wa bima ya afya tarehe 1 Oktoba 2024, mwenye mshahara anakatwa asilimia 2.75, asiye na mshahara analipa kuanzia shilingi 300 za kwao kwa mwezi, na bado wanapambana kuwapata watu wa sekta isiyo rasmi walipe. Watu wa sekta hiyo ndio nyinyi wakaanga samaki na wasusi. Ghana, kwa sheria ya 2003, walipita njia nyingine, waliweka tozo ya asilimia 2.5 kwenye bidhaa na huduma, hivyo hata anayenunua sabuni anachangia. Thailand mwaka 2001 waliamua wasiwadai wananchi hao mchango kabisa, wakalipia kwa kodi, mgonjwa akatoa baht 30 tu akifika.

Mimi naamini njia ya kodi ndiyo ya haki kwa watu kama nyinyi, na viongozi wa Afrika walikubaliana Abuja mwaka 2001 kwamba asilimia 15 ya bajeti iende kwenye afya. Lakini wewe huandiki bajeti ya taifa, unashika sanduku la watu 22, na kikao chako kipo wiki mbili na siku chache mbele. Usimwambie mama lishe asubiri Dodoma.

Jambo la mwisho. Usishawishike kubaki na mfuko wenu peke yake kwa sababu mnauona kwa macho. Watu 22 ni wachache mno kubeba ugonjwa mkubwa. Operesheni moja tu mwaka huu imeshawashinda, na ilikuwa ya hospitali ya serikali.

---

Dirishani
Ijumaa, saa 7:20 mchana

Mwalimu nimekusoma, shikamoo. BintiKeko ana haki, dawa kukosekana kupo na mimi naliona kila wiki. Naongeza tu: dawa ikikosekana, mgonjwa asiondoke kimya. Kila kituo kina kamati ya usimamizi yenye wananchi ndani yake. Hela ya CHF inayorudi kituoni, sehemu yake inanunua dawa, na kikundi cha kina mama 22 wenye kadi wakienda pamoja kuuliza, wanasikilizwa kuliko mtu mmoja.

---

MamaSamaki_Mbagala
Jumamosi, 16 Novemba, saa 3:30 usiku

Nimerudi toka Feri mpaka sasa ndiyo napata kukaa. Asanteni sana. Mwalimu, shikamoo tena, ile ya walimu vijana wasiokujua nimewasomea wenzangu wawili wa samaki, mmoja alikuwa upande wa kugawana, amenyamaza anafikiri.

Nimekaa na daftari. Sikilizeni nilivyopiga, mnisahihishe.

Kadi ya kaya ni 150,000 kwa mwaka, ukigawa kwa wiki 52 ni kama 2,900. Sisi tayari tunatoa 2,000 kila Jumapili. Kwa hiyo kuanzia Januari kila mama atoe 4,000: elfu tatu ni ya kadi ya kaya, elfu moja ni ya mfuko wa jamii. Ile elfu tatu kwa mwaka inafika 156,000, kadi inalipwa na 6,000 inabaki. Ile elfu moja kwa watu 22 inatupa 1,144,000 kwa mwaka, ndiyo itakuwa ya misiba, ya uzazi, na ya dawa na nauli kama alivyosema mdogo wangu wa Keko, kwa cheti na risiti.

Tatizo ni mwaka wa kwanza, kadi inalipwa mbele na hela inakusanywa nyuma. Hapo nawaza hii 1,280,000 isigawanywe. Tuitumie kukata kadi ya mtu mmoja mmoja kwa wote 22 mwezi Januari, 880,000. Mwaka mzima tunakusanya ile elfu tatu, na Januari inayofuata tunaingia kwenye kadi ya kaya wote kwa pamoja. Inayobaki, 400,000, inaanza mfuko. Mama mwenye watoto wanaougua sana na anayetaka kaya mwaka huuhuu, anaongeza mwenyewe 110,000 juu ya 40,000 yake, na kikoba kinamkopesha bila riba.

Nimeandika bila riba na ninamaanisha. Jana nilikwenda kwa mwenyekiti nyumbani. Tumekubaliana hoja ya kwanza ya kikao, kabla ya bima, iwe mkopo wowote wa matibabu usiwe na riba, na aliyelipa riba mwaka huu arudishiwe kabla hatujagawana hisa. Mama lishe hajui bado. Mwenyekiti alitaka tumwambie, nikasema hapana, tusimpe matumaini mpaka kikao kipitishe. Lakini kura za wakubwa ninazo, na wawili wa wadogo wameshaniambia ndiyo.

Kuhusu wadogo zangu. Ukali wa kijiwe cha Tandika nimeuelewa, na lazima iingie kwenye katiba. Ila nataka wakubali, si kulazimishwa tu. Wengi wao wana watoto wadogo, na mmoja ni mjamzito. Nitamwomba mama lishe mwenyewe azungumze. Hana haja ya kuhubiri, asome tu matumizi yake yote ya mwezi wa nane, kuanzia nauli ya bajaji ya siku ile alipoanguka mpaka bei aliyouzia friji. Anayo yote kwa kichwa.

Swali limebaki moja. Tunaye bibi, muuza genge, ana miaka 63, analea wajukuu. Nyumbani kwake ni watu wanane: yeye, binti yake, na wajukuu sita, wawili kati yao bado hawajafika miaka mitano. Kadi ya kaya ni watu sita. Hawezi kupata hela ya zaidi ya kadi moja, hata hiyo 4,000 ya kila wiki kwake ni nzito. Nifanyeje naye? Na cheti cha kuzaliwa cha mjukuu mmoja hakipo.

---

KijiweTandika
Jumamosi, saa 4:02 usiku

Mama umepiga hesabu safi. Hii ya kadi ya mmoja mmoja kwanza halafu kaya, sisi hatukuiwaza. Naipeleka kijiweni kesho.

---

BintiKeko
Jumamosi, saa 4:15 usiku

Ahsante kwa lile la riba dada. Nimelia kidogo hapa. Kwa bibi, muulizeni kama yupo kwenye kaya za TASAF, ule mpango wa serikali wa kusaidia kaya masikini, kama yupo serikali ya mtaa inamjua na barua yake haitachukua muda.

---

Dirishani
Jumapili, saa 2:00 asubuhi

Bibi ana njia. Wale wajukuu wawili wa chini ya miaka mitano waacheni nje ya kadi, wao wana msamaha mpaka wafike umri. Wakiwa nje, wamebaki sita kamili: bibi, binti yake, na wajukuu wanne. Kadi moja inaweza kuwatosha. Mjukuu mkubwa wa hao wawili akikaribia miaka mitano, hesabu irudiwe kabla ya kuhuisha kadi.

Huku mkisubiri hela ya kadi ya kaya, bibi mwenyewe aende ustawi wa jamii wiki hii, asisubiri Januari. Aanze kwa mjumbe wake, apate barua ya mtaa yenye umri wake na hali yake, aende nayo hospitali ya wilaya amuulizie afisa ustawi. Akipewa msamaha wa wazee, nafasi yake kwenye kadi inaachwa kwa mtu mwingine, na 40,000 yake ya mwaka huu mtaona wenyewe pale kikaoni mmwekee nani.

Cheti cha mjukuu: atafute kadi ya kliniki aliyopewa mtoto alipozaliwa, aende nayo kwa mtendaji wa kata aulize utaratibu wa usajili. Kama kadi ya kliniki imepotea, aanze na barua ya mtaa hiyohiyo. Mwambie achukue barua mbili kwa safari moja, asirudishwe.

Na ikiwezekana, mwandikishaji mwiteni hapohapo kwenye kikao cha Desemba, baada ya kura. Akute watu 22 wamekaa, vitambulisho vya NIDA mkononi.